Wiki tatu Karachi kwa dola 5,000: nani anaijua kazi hii?

Boda wa Tandika

Wakuu, habari za jioni. Naomba ushauri kwa wenye kujua, na naomba msinitukane.

Nina miaka 24, naendesha bodaboda, kijiwe chetu kipo Tandika. Pikipiki si yangu, niko nayo kwa mkataba, kila siku napeleka hesabu kwa mwenyewe, mvua inyeshe jua liwake. Nina mtoto mmoja, na mama ananitegemea kwa dawa za presha.

Nina binamu, mtoto wa shangazi, tumekua nyumba moja. Miaka mitatu nyuma tulikuwa tunachangia sahani ya wali maharage. Leo ana gari, kapanga nyumba nzima Mbezi, shangazi kamchimbia kisima. Wiki iliyopita kaniita, akaniambia kuna kazi. Si kubeba, si kumeza. Ni kwenda Karachi, Pakistani, kukaa kwa wenyeji wake wiki tatu, chakula na malazi juu yao, kisha narudi. Mzigo unakuja kwa njia yake, mimi siuoni wala siugusi. Nikirudi napewa dola 5,000. Anasema vijana kadhaa wameshakwenda na hakuna aliyedhurika.

Najua ni biashara ya unga, sijifanyi mtoto. Ninachouliza ni viwili. Huo utajiri tunaouona mtaani ni wa kweli? Na kama mtu hashiki kitu, anakaa tu, hatari inatoka wapi?

Mpambanaji

Tusimdanganye kijana. Nimekulia Kinondoni, nimewaona kwa macho yangu watu waliotoka hivyo hivyo wakasomesha wadogo zao na kuwajengea wazazi. Maskini anaambiwa avumilie mpaka lini? Simwambii aende. Nasema anayetaka kumkataza amkataze kwa kujua, mahubiri ameshayasikia ya kutosha.

Seremala wa Keko

Mdogo wangu, hiyo kazi ina jina. Inaitwa kuwekwa bondi. Nimeifanya. Niliambiwa wiki tatu, nikakaa miezi kumi na moja.

Mpambanaji ana haki, kwa hiyo sitahubiri. Nitasimulia nilichokiona, nawe utapima.

Kuanzia 2003 nilikuwa kijana wa kuosha magari ya mzee mmoja wa mjini, baadaye nikawa dereva wake. Jina lake silitaji, ameshatangulia na watoto wake wapo. Utajiri wake niliushika kwa mikono. Pesa ilikuja kwenye mifuko ya rambo, ile myeusi ya kubebea samaki, tukaimwaga juu ya zulia sebuleni na kuipanga mafungu ya noti mia mia, kila fungu na raba yake. Ukihesabu kuanzia magharibi mpaka adhana ya alfajiri, vidole vinakuwa vyeusi na ngozi ya dole gumba inapauka kama ya mtu aliyefua siku nzima. Ile harufu ya noti kuukuu haitoki kwenye shati kwa sabuni moja. Alikuwa na shangingi jipya ambalo viti vyake aliviacha na nailoni, akakataza isibanduliwe. Msiba ukitokea mtaani, turubai na mchele vilitoka kwake. Mgonjwa akikosa nauli ya hospitali, napigiwa simu mimi niende na gari.

Sasa sikiliza jinsi ile pesa inavyotembea, kwa sababu hapa ndipo kijana anapokosea hesabu.

Mzigo asili yake ni Afghanistan. Unashushwa mpaka pwani ya Makran, upande wa Pakistani na Iran, unapakiwa kwenye majahazi. Majahazi hayo hayaji bandarini. Yanasimama mbali, boti ndogo za huku zinayafuata usiku, kisha mzigo unaingilia Zanzibar, Tanga, Kilwa, Lamu, mpaka kaskazini ya Msumbiji. Kidogo kinabaki kwa vijana wetu, kingi kinashuka kwa barabara hadi Afrika Kusini na kutoka huko Ulaya. Ndiyo njia ya kusini wanayoitaja. Ukitaka kujua ukubwa wake, Aprili 2014 manowari ya Australia, HMAS Darwin, ilisimamisha jahazi moja tu nje ya pwani ya Kenya, ikakuta kilo 1,032 za heroini kati ya mifuko ya saruji.

Nani hapa mjini ana taslimu ya kununua mzigo wa namna hiyo? Mzee wangu hakuwa nayo. Mzigo unatolewa mali kauli: chukua, uza, ulete pesa. Na kwa kuwa hakuna hati wala mahakama ya kumpeleka mdaiwa, muuzaji anataka rehani. Hataki nyumba ya Mbezi, ataifanyia nini yeye aliye Karachi? Anataka mtu. Mtu anakaa kwake mpaka pesa ifike. Mtu huyo ndiye bondi.

Kwa hiyo zile noti nilizokuwa nafunga raba zilikuwa za watu wa Karachi, mzee alikuwa anazipitisha. Alichokula ni tofauti, na tofauti yenyewe aliimwaga kwenye magari na harusi na turubai, kwa sababu mtu akionekana amepwaya hakuna atakayempa mali kauli tena. Siku moja mkewe alimsihi wauze gari moja wapunguze deni. Nilikuwa nimesimama mlangoni na funguo mkononi. Akamjibu, "Nikiuza hilo gari leo, kesho simu zangu hazipokelewi." Tangu siku ile kila nikilipiga lile gari maji nilikuwa naliona kwa jicho lingine, ingawa sikuwa na akili ya kuondoka.

Na hakulifurahia. Alikuwa na vidonda vya tumbo, nyumba imejaa nyama na yeye anakunywa uji wa ulezi. Hakulala nyumba moja siku mbili mfululizo. Mbwa wa jirani akibweka alizima televisheni, sote tukakaa gizani mpaka aseme endeleeni. Askari hawakumtisha sana. Waliomnyima usingizi ni wenzake, wale wale aliokula nao pilau kwenye harusi.

Machi 2007 akaniita uani. Akasema atanifungulia duka la vipuri Gerezani nikirudi. Nilikuwa na miaka 26, nimekuwa naye miaka minne, nilimwona kama baba. Nikapita Dubai, nikashuka Karachi saa tisa usiku, nikapokewa na vijana wawili wenye adabu sana, wakaninunulia juisi ya embe. Kwenye gari mmoja akaomba pasipoti yangu akaiweke mahali salama. Nikampa. Mdogo wangu, mlango ulifungwa pale ndani ya gari, sikusikia tu.

Nyumba ilikuwa ghorofa ya tatu, mtaa wa Lyari. Chumba kimoja, magodoro mawili, dirisha la nondo. Umeme ukikatika, joto linakaa juu ya kifua kama mtu. Siku ya kwanza nilichungulia nikaona watoto wanacheza mpira chini, nywele na sura zao ni za Bagamoyo kabisa. Baadaye nikaelezwa kuwa wanaitwa Sheedi, wazee wao walivushwa bahari kutoka huku kwetu zamani za utumwa. Nikawaita kwa Kiswahili. Wakatazama juu, wakacheka, wakaendelea na mpira.

Godoro la pili lilikuwa na kijana wa Tanga. Alikuwa na miezi kumi na minne mle ndani. Ukutani palikuwa na mistari aliyochora kwa msumari kuhesabu siku, imepangwa vizuri, halafu inakatika. Nilipomuuliza mbona ameacha, akaniambia alichoka. Alikuwa ameshaanza kuvuta. Wenyeji walimpa bure, mtu anayevuta hasumbui.

Mwezi wa kwanza nilipiga simu nyumbani kila Ijumaa. Baada ya hapo simu ya mzee ikawa haipatikani. Mwezi wa nne wakampata kwa namba nyingine, wakataka asikie sauti yangu. Nilipigwa na kitako cha bastola hapa kwenye sikio la kushoto, simu ikiwa wazi. Nikamsikia mzee kule upande wa pili akisema, "Nipeni mwezi mmoja." Kisha akakata. Sikio hilo halikurudi. Mpaka leo, mteja akija karakana na mashine ya randa inanguruma, lazima asimame kulia kwangu.

Tarehe 27 Desemba 2007 aliuawa Benazir Bhutto kule Rawalpindi, na Lyari ilikuwa ngome ya chama chake. Usiku ule mji uliwaka. Matairi, magari, moshi unaingia dirishani, risasi, na kina mama wanalia kwa sauti moja kutoka paa hadi paa. Mlinzi wetu, mzee wa makamo, alilia mbele yetu, akafunga mlango kwa nje, akaondoka. Hakurudi siku tatu. Tulikuwa na chapati nne na ndoo ya maji. Kijana wa Tanga alishikwa na arosto, yale mateso ya kukosa unga, anatapika, anatetemeka, ananiomba nimfunge mikono kwa shuka asijiumize. Nikamfunga. Nilikuwa nawaza nyumba ikishika moto nani atajua kuwa sisi tuko humu. Hakuna kitabu chochote duniani kilichoandikwa majina yetu kwenye chumba kile.

Februari 2008 wakaniambia nivae. Mzee alikuwa amelipa. Nilidhani amenihurumia. Ukweli niliujua baadaye: alitaka mzigo mpya, na wao walikataa kuutoa kabla ya deni la kwanza kwisha.

Na hili ndilo lililonifanya nijiandikishe hapa usiku huu nikujibu. Nikiwa nashuka ngazi na mtu aliyenishika mkono, nikapishana na kijana anapanda. Mtanzania. Raba nyeupe, mpya, begi dogo mgongoni. Akanitazama, akafurahi kuona mtu wa kwao, akasema, "Mambo?" Nikamjibu, "Poa." Nikaendelea kushuka.

Nilikuwa na nafasi ya kumwambia neno moja tu. Rudi. Sikulisema, niliogopa wasinirudishe juu. Sijui aliishia wapi. Sijui jina lake. Kila nikiona kijana wa umri wako amevaa raba nyeupe naangalia uso kwanza.

Nilipofika nyumbani, mama alinikumbatia akasema nimekonda, kazi za Dubai ni ngumu. Mzee alikuwa amemwambia niko Dubai, na kila mwezi alimpelekea laki moja. Mama alikuwa anamwombea mzee dua kila swala, amzidishie. Sikumwambia ukweli. Amefariki bila kuujua.

Mzee aliuawa Johannesburg miaka michache baadaye, maiti ikaletwa. Nyumba zake zote aliziandikisha kwa majina ya watu, kwa hofu ya serikali. Arobaini haijafika, mwenye jina kwenye hati ya nyumba yake ya Mbezi akabadilisha kufuli. Mjane alikwenda kwa wakili, wakili akamwuliza, mama, una karatasi gani? Hakuwa nayo. Alirudi kwao na watoto wawili.

Bin Mvita

Ndugu wa Tandika, nakuandikia kutoka Mombasa. Seremala amesema ya chini, niruhusu niseme ya juu, maana waweza kudhani wakubwa hupona.

Hapa kwetu, kwenye biashara ya unga, hapakuwa na jina lililotajwa kuliko Akasha. Baba, Ibrahim Akasha, alipigwa risasi Amsterdam Mei 2000, barabarani, akiwa na mkewe. Mwaka 2002 mwanawe Kamaldin akauawa kwa risasi papa hapa Mombasa. Wakabaki Baktash na mdogo wake Ibrahim. Watu walisema hao hawagusiki, na kweli, polisi na mahakama walizihonga, wenyewe wamekiri mbele ya hakimu. Novemba 2014 wakakamatwa Nyali. Walikuwa wametoa kilo 99 za heroini kwa watu waliodhani ni wajumbe wa genge la Colombia, kumbe ni watu wa Wamarekani. Kesi ikavutwa hapa zaidi ya miaka miwili, kisha Januari 2017 wakapakiwa ndege. Agosti 2019 Baktash akapewa miaka 25 New York. Januari 2020 Ibrahim akapewa 23.

Mimi nilikuwa mtoto wa mtaa, nawakumbuka magari yao yakipita, nasi twasimama kando kutazama. Familia ile ilikuwa na kila kitu cha kununulika. Baba kafa ugenini, mwana kafa nyumbani, wawili wako gerezani ng'ambo. Sina raha kuyaandika haya, kuna mama na watoto nyuma ya jina hilo na hawakuchagua.

Mama Sele

Mwanangu, mimi si mwandikaji, ila nimeona hapa panasemwa "kidogo kinabaki kwa vijana wetu". Hicho kidogo kiko nyumbani kwangu.

Sele alianza akiwa na miaka 17, sigara iliyonyunyiziwa unga, huko maskani. Siku moja nilibandika maharage, nikaenda dukani kununua nazi. Kurudi, maharage yamemwagwa kwenye beseni, bado yanatoka moshi, sufuria hakuna. Alikwenda kuliuza. Nikakaa chini jikoni nikayatazama yale maharage. Alikuwa ameyamimina taratibu, hata punje moja haikudondoka chini. Alijali maharage yangu yasipotee. Hapo ndipo nilijua mwanangu bado yumo ndani.

Sasa anakunywa methadoni, dawa ya kumtoa mtu kwenye unga. Muhimbili walianza kuitoa Februari 2011, tukamwandikisha miaka kadhaa baadaye. Anakwenda kila asubuhi, anainywa mbele ya muuguzi, Jumapili, Idi, mvua. Nampa nauli mkononi na ninamsindikiza mpaka kituoni, mwaka wa sita huu. Hajaharibu.

Huyo binamu yako ana kisima. Maji yake mimi nayajua yanakotoka.

Boda wa Tandika

Nimesoma yote. Kaka Seremala, pole sana. Mama, shikamoo, na pole.

Lakini naomba niulize kwa uwazi. Mzee wako alikuwa bosi tu, mtu baki. Huyu wangu ni damu. Mama yangu ndiye aliyemlea alipofiwa na baba yake. Ataniacha kweli?

Seremala wa Keko

Mzee hakuniacha kwa ukatili. Mama yangu alipougua, aliendesha mwenyewe usiku kumpeleka hospitali. Alinipenda. Hakuwa na pesa. Hilo ndilo uliweke akilini: binamu yako anaweza kukupenda mpaka mwisho na bado ukakaa mle mwaka mzima, kwa sababu mzigo umezama, au umekamatwa, au aliyemuuzia Sauzi kamdhulumu. Desemba 2023 mamlaka yetu ya kudhibiti dawa ilitangaza kukamata kilo 3,182 za heroini na methamfetamini, Dar es Salaam na Iringa. Sote tulipiga makofi, na mimi nilipiga. Kisha nikalala macho. Mzigo wote ule una wenyewe kule ulikotoka, na kama ulitolewa mali kauli, kuna vyumba ambavyo usiku ule habari iliingia.

Na kuhusu damu. Mwenye mzigo Karachi swali lake la kwanza ni hili: huyu ni nani wako? Nilisikia likiulizwa juu yangu, wakajibiwa kuwa ni mtoto wa mzee. Mtu wa kuokotwa barabarani hana thamani ya rehani, ataachwa. Binamu ana thamani. Mtoto wa shangazi, aliyelelewa na mama yako, ana shinikizo nyumbani, mama yako atalia mlangoni kwake kila siku. Udugu wenu ndio sababu umeitwa wewe, badala ya dereva mwingine yeyote hapo kijiweni.

Mwulize swali moja tu. Usimwulize hatari, atakuapia. Mwambie: kijana aliyekaa kabla yangu ni nani, nipe namba yake niongee naye. Amesema wapo kadhaa. Basi mmoja anatosha.

Mpambanaji

Nimesoma mara mbili. Neno langu kuhusu umaskini naliacha, liko pale pale. Lile la waliofanikiwa nalifuta. Wale niliowaona Kinondoni niliwaona mchana, wakiwa kwenye magari. Sikuwahi kumwuliza hata mmoja ni nani aliyekaa kwa ajili yake.

Kijana, kama tatizo ni hesabu ya pikipiki, kuna vikundi vya bodaboda vinavyokopeshana pikipiki kwa dhamana ya wanachama wenyewe. Mimi nipo kimoja. Nitumie ujumbe wa faragha. Ni mwaka na nusu wa kubana matumizi, siahidi zaidi ya hapo.

Bin Mvita

Na asije akabadili maneno akakwambia basi meza, ubebe mwenyewe. Watanzania wengi wamefungwa Hong Kong kwa hilo. Kuna padri, John Wotherspoon, Mwaustralia anayewahudumia wafungwa kule, mwaka 2013 alianza kuziweka barua zao mtandaoni ili ndugu zao huku wasome. China bara adhabu ni hadi kunyongwa. Tanzania nayo, kwa sheria ya 2015, kusafirisha kunaweza kukupa kifungo cha maisha. Mwenye mzigo hayumo kwenye ndege hiyo hata siku moja.

Boda wa Tandika

Nimemwuliza leo saa kumi. Nilimkuta kwake, anaosha gari, shangazi yuko ndani.

Mwanzo alicheka. Akasema wa mwisho alikwenda mwaka jana, sasa yuko Sauzi, ana maisha yake. Nikamwambia nipe namba. Akasema kabadilisha laini. Nikamwuliza basi jina, nitamtafuta kwa watu wa Sauzi, hapa kijiweni wapo wenye ndugu kule. Akanyamaza. Akaendelea kufuta kioo kile kile, pale pale, kitambaa kinazunguka. Halafu akaniambia kwa sauti ya chini, usiwe na maswali mengi, watu wameshaambiwa kuwa unakuja.

Kaka Seremala, aliposema "watu wameshaambiwa" miguu iliisha nguvu. Sijui nifanye nini.

Seremala wa Keko

Tulia. Kuambiwa si kupelekwa. Bado uko Tandika.

Pasipoti yako iko kwa nani sasa hivi?

Boda wa Tandika

Kwake. Alilipia yeye, akaichukua siku ile ile ilipotoka. Alisema ni kwa ajili ya viza.

Seremala wa Keko

Nenda kaichukue usiku huu. Usiende peke yako na usiende na vijana wa kijiweni, itakuwa ugomvi. Nenda na mama yako. Mkae sebuleni kwa shangazi, mama yako aiombe mbele ya shangazi, kwa jina lako, aseme anataka kuiweka kabatini kwake. Hatathubutu kumnyima mama aliyemlea mbele ya mama aliyemzaa.

Ukishaipata, usilale kwako. Njoo Keko, karakana yangu ni ya pili ukitoka barabara kubwa, mlango wa bluu, namba yangu nimekutumia faragha. Simu iko mkononi, nimeiweka sikio la kulia.